Aliyeketi Upande wa Pili wa Pazia

Jumatano, tarehe sita Machi mwaka 2019, saa nne na dakika ishirini asubuhi, kaka yangu Tauqeer alikata roho hapa nyumbani kwetu Lahore, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wangu. Niliitazama saa ya ukutani kwa sababu sikuweza kuutazama uso wake. Sikujua wakati huo kwamba saa ile ningekuja kuitolea ushahidi mbele ya asiyeonekana.

Mjane wake, wifi yangu Sabahat, aliingia eda siku hiyo hiyo. Alivaa nyeupe. Alivua bangili, akafuta wanja, akanipa chupa zake za manukato nimfungie kabatini. Mama yetu, ambaye sote tunamwita Amma, alilala chumba cha jirani na kila magharibi alimsomea mwanawe Yasini. Nyumba ilikuwa ya msiba, kama nyumba zote zilivyowahi kuwa.

Sabahat alikuwa mwandishi wa tamthilia za televisheni. Alianza akiwa msichana, akiandika michezo ya redio. Baadaye akawaandikia watayarishaji wakubwa, na miaka mingi majina yao yalitangulia kwenye kioo huku lake halionekani. Tauqeer ndiye aliyemwambia, "Basi tayarisha mwenyewe." Akaacha kazi yake ya ofisini, akawa karani wa mkewe, mpishi wa mkewe, mpiga simu wa mkewe. Sabahat akiandika hakusikia kitu, na kila jioni kaka yangu alisimama mlangoni na kusema, "Saba, chai imepoa." Hakuna mwingine aliyemwita Saba.

Tamthilia zake zilipendwa kwa jambo moja: harusi. Ikifika siku ya bi harusi kuulizwa kama amekubali, mitaa ilikuwa mitupu, watu wote wapo mbele ya televisheni.

Ilipofika Juni, baada ya Idi, stesheni ilimpigia simu. Tamthilia yake ilikuwa hewani na kipindi cha harusi hakijapigwa picha. Asipokuja mwenyewe, watampa mtu mwingine aimalize, na jina litakuwa la huyo mwingine.

Amma alikasirika. "Mwanangu hajapoa kaburini, wewe unakwenda kupiga picha za harusi?"

"Amma, nikikaa watalifuta jina langu."

"Jina! Jina la mumeo ndilo lililokusitiri."

"Na mume wangu ndiye aliyeniambia nisimwachie mtu kazi yangu."

Tukamwita Kadhi Dastgir, mzee anayefungisha ndoa za mtaa wetu. Akasema mjane anaruhusiwa kutoka mchana kwa haja ya riziki yake, mradi jua lisizame naye yuko nje. Amma akarudi chumbani kwake. Mimi nikavaa baibui nikamfuata wifi yangu, maana haikupendeza aende peke yake.

Nyumba waliyokodi ilikuwa jumba la kale ndani ya mji mkongwe, lenye ua katikati na kisima kilichokauka kwenye pembe ya ua. Mafundi walikuwa wametundika pazia la maua, asmini na waridi, kutoka darini hadi sakafuni. Bi harusi hukaa upande huu, bwana harusi upande ule, na kadhi katikati.

Sasa, katika kazi yao kulikuwa na desturi ambayo wote waliishika, hata walevi. Wanazuoni wametufundisha kwamba ndoa haina mzaha, na aliyeitamka kwa kucheza ameitamka kweli. Kwa hiyo bi harusi wa televisheni akiulizwa mara tatu, hujibu mara mbili tu mbele ya kamera. Neno la tatu hurekodiwa siku nyingine, mahali pengine, akiwa peke yake. Na majina huwa ya kubuni, ya bi harusi na ya baba yake. Walifanya hivyo miaka yote.

Siku ile joto lilikuwa la kuyeyusha lami. Bwana harusi, kijana anayeitwa Shahmir, alikuwa amekwama kwenye tamthilia nyingine upande wa pili wa mji. Bi harusi alikuwa bado anapakwa rangi usoni. Mpiga picha alitaka mtu akae mahali pa bi harusi apange taa, na Farasat, fundi wa sauti, alitaka kupima mnong'ono chini ya mtandio. Sabahat akajitanda mtandio mwekundu juu ya nguo zake nyeupe, akaketi.

"Haya, mzee," aliliambia pazia kwa uchovu. "Soma tupime."

Mzee Manzur, aliyeigiza kadhi, alikuwa na kurasa zilizomfikia asubuhi ile ile. "Bibi wee, majina yenyewe sijayashika. Umeandika usiku, unataka nihifadhi kwa kiamshakinywa?"

"Sema lolote. Ni kipimo tu."

"Lolote?" Mzee akacheka, akakaa sawa, akatoa ile sauti yake nene. "Sabahat binti Lutfullah, nakuoza kwa huyu aliyeketi upande wa pili wa pazia, kwa mahari ya jozi ya bangili za dhahabu. Umekubali?"

Vijana wawili wa taa walisimama wakitazama, wanacheka kusikia jina lake halisi na la baba yake.

"Nimekubali," alisema wifi yangu.

"Umekubali?"

"Nimekubali."

Hapo ilipasa waache. Lakini Farasat aliinua kidole. "Dada, la mwisho lishushe zaidi, kama ulivyoandika. Nataka kujua kama maikrofoni italishika."

Mzee akauliza. Sabahat akainamisha kichwa, akalisema lile neno la tatu kwa pumzi tu.

Farasat akavua vifaa vyake vya masikioni. Aliviweka mezani polepole, kama mtu anayeweka chini kitu cha moto.

"Nani yuko kule?" akauliza.

"Kule wapi?"

"Upande wa bwana harusi. Kuna mtu amejibu."

Tulitazama. Hakukuwa na mtu. Kulikuwa na mto wa kukalia tu, na katikati ya mto palikuwa pamebonyea. Maua ya pazia yalitikisika wakati hapakuwa na upepo hata wa kutikisa unyoya, kisha ikaja harufu ya udongo uliolowa, kana kwamba kisima kile kikavu kimejaa maji ghafla.

Farasat akarudisha kinasa sauti nyuma, akatusikilizisha. Tulisikia mzee, tukasikia wifi yangu, na baada ya kila neno lake tukasikia sauti ya mwanamume, ya chini, kama inatoka ndani ya mtungi. "Nimekubali. Nimekubali. Nimekubali."

"Futa," alisema Sabahat.

"Nimefuta, dada," alisema Farasat baada ya muda. "Haifutiki."

Shahmir alipofika alikaa kwenye ule mto, akafungua mdomo aseme maneno yake, na sauti haikutoka. Alishika koo. Walimpa maji, wakampeleka kwa daktari, na daktari hakuona kidonda. Siku ile haikupigwa picha yoyote.

Tulirudi nyumbani kabla ya magharibi. Sabahat aliswali, akaenda kulala bila kula. Asubuhi Amma aliingia chumbani kwake na parata na chai, na nikasikia sinia linaanguka.

Mikono ya wifi yangu ilikuwa imepakwa hina. Hina ya bi harusi, maua hadi viwiko, nyekundu iliyokolea. Na kwenye mikono ile kulikuwa na bangili mbili za dhahabu ambazo hakuna aliyezijua.

"Mwanamke wewe!" Amma alipiga kelele. "Uko edani!"

"Amma, wallahi sikuzivaa."

"Zimejivaa zenyewe?"

"Dada Rafia, nisaidie," akaniambia mimi. "Hazitoki."

Nilijaribu kwa sabuni, nikajaribu kwa mafuta. Zilikuwa baridi kama zimetoka majini, na kila nilipovuta zilibana zaidi, mpaka wifi yangu alipolia nikaacha. Chumba kilinuka waridi. Kabati la manukato lilikuwa bado limefungwa na ufunguo ulikuwa shingoni mwangu.

Siku hiyo, adhana ya adhuhuri ilipokwisha, tulisikia ngoma. Ilikuwa mbali, upande wa barabara kuu, ngoma na tarumbeta za beni la harusi, zile zinazomtangulia bwana harusi akienda kumchukua mke. Nilitoka mlangoni. Kichochoro kilikuwa kitupu na jua limesimama juu yake. Jirani yetu alikuwa anamenya embe kizingitini.

"Harusi ya nani, shoga?" nilimuuliza.

"Harusi gani na joto hili? Mbona sisikii kitu ila feni za watu?"

Kesho yake, saa ile ile, beni lilikuwa limefika msikitini. Siku iliyofuata kwa muuza maziwa. Wakati wa beni Sabahat aliingia chumbani kwake bila kutaka, kama mtu anayevutwa kwa kamba, na mlango ukajifunga. Niliweka sikio mlangoni nikasikia mwanamume akizungumza, taratibu, bila kupumzika, na wifi yangu akijibu, "Sitaki. Sikukujua. Sitaki." Nilipofanikiwa kufungua nilimkuta amekaa ukingoni mwa kitanda, picha ya Tauqeer imegeuzwa uso ukutani, na upande wa kitanda aliolala kaka yangu, ambao tangu Machi hakuna aliyeulalia, umebonyea na shuka lake limelowa maji ya matope.

"Anasema nini?" nilinong'ona.

"Anasema nimeshaolewa, kilichobaki ni kukabidhiwa. Beni likifika mlangoni anaondoka na mimi. Dada, nimewaandika mabibi harusi wangapi wanaoondoka wanalia? Sikuwahi kuandika wanakopelekwa."

Nikaenda kumchukua Kadhi Dastgir. Alisikiliza yote, akamwita mzee Manzur mpumbavu mara mbili, kisha akasema, "Mleteni fundi wa sauti na mashine zake. Huyo anapenda kusikika. Tutamsikia."

Tulikaa sebuleni baada ya alasiri, Kadhi, Farasat, Amma, Sabahat na mimi. Farasat aliunganisha kinasa sauti na spika. Kadhi alisoma Ayatul Kursiyyu, akasema, "Ewe uliyejibu upande wa pili wa pazia, sema na mimi, mwache mwanamke."

Spika ilikwaruza. Kisha ikatoka sauti ya Shahmir, yule mwigizaji, iliyopotea kooni mwake. Farasat alijikunja kwenye kiti.

"Nisalimie kwanza," ilisema. "Au makadhi wa siku hizi hawana adabu?"

"Wewe ni Mwislamu?"

"Nilisilimu kabla babu ya babu yako hajazaliwa. Nipe mke wangu."

"Huna mke hapa."

"Ninayo mahari, iko mikononi mwake. Ninao mashahidi wawili, walikuwa wanacheka, lakini walisikia. Ninalo neno lake, mara tatu, na mashine imelishika."

"Walii wake hakuwapo."

Sauti ilicheka. "Mzee, kasome tena. Kwa madhehebu yenu mjane hujiozesha mwenyewe. Wewe umewaozesha wangapi bila walii, nikutajie?"

Kadhi alivuta ndevu zake. Nikaona jasho linatiririka nyuma ya masikio yake, na nikafikiri, tumekwisha, kwa sababu nje jua likiwa bado jeupe lile beni lilikuwa limeanza tena, bila kungoja adhuhuri ya kesho, likija upesi, ngoma juu ya ngoma, likipita kwa muuza maziwa, likipita kwa fundi cherehani, likiingia kichochoroni kwetu, mpaka vikombe vya chai vikaanza kugongana kwenye sinia na Amma akaziba masikio.

Kadhi akaguna, kama mtu aliyekumbuka alipoweka miwani. "Umesema mjane. Mumewe alikufa lini?"

Spika ilikwaruza tena.

"Ulimwona amevaa nyeupe. Hukuuliza?"

"Aliketi mahali pa bi harusi," ilisema, na sasa ilikuwa ya hasira. "Anayeketi mahali pa bi harusi haulizwi."

"Bi Rafia, toa ushahidi."

Nikasimama. Nikasema, "Nashuhudia kwa Mwenyezi Mungu kwamba kaka yangu Tauqeer alifariki Jumatano, tarehe sita Machi, saa nne na dakika ishirini asubuhi, nami nimemshika mkono."

"Miezi minne na siku kumi haijatimia," alisema Kadhi. "Mwanamke yuko edani, na ndoa ya edani ni batili hata ingeshuhudiwa na mji mzima. Wewe unayejua sheria, itii. Chukua mahari yako uondoke."

Beni lilinyamaza, tarumbeta zikakatika katikati ya wimbo. Bangili ziliteleza zenyewe kutoka mikononi mwa wifi yangu, zikagonga sakafu, na sakafuni hakukuwa na kitu ila maji kidogo. Tukaanza kulia kwa kushukuru. Farasat alinyoosha mkono azime mashine.

"Kadhi amehukumu kweli," ilisema spika, sasa kwa upole. "Mwenye eda haposwi. Nitangoja iishe."

Kadhi alipokuwa anavaa viatu alimwambia Sabahat, "Atarudi kuuliza. Msichana akinyamaza, kunyamaza kwake ni kukubali. Mjane lazima atamke. Binti yangu, neno lako ndilo mlango, hana mwingine. Kila atakapouliza, mkatalie kwa ulimi."

"Nitaweza, ustadhi."

"Usiseme utaweza. Hujui atauliza kwa sauti ya nani."

Stesheni ilimpa mtu mwingine tamthilia. Jina la Sabahat liliondolewa.

Eda iliisha katikati ya Julai. Kama ilivyo desturi, wanawake wa ukoo walikuja asubuhi na nguo za rangi, kumtoa wifi yangu kwenye nyeupe. Walimkalisha, wakamvika mtandio wa kijani, wakala, wakaaga. Kwenye rundo la nguo walizoacha nilikuta mtandio mmoja mwekundu uliolowa. Hakuna aliyeuleta. Niliuchukua nikauchome, na nilipogeuka pazia la maua lilikuwa limening'inia kwenye mlango wa chumba, kutoka juu hadi chini, asmini na waridi, likidondosha maji.

Adhana ya adhuhuri ikaisha. Beni halikuja mara hii. Ilikuja sauti moja tu, nyuma ya maua.

"Saba, chai imepoa."

Ilikuwa ni yeye. Ilikuwa kaka yangu, na ule mkwaruzo wake wa mwishoni mwa ugonjwa, na ile namna ya kuvuta neno la mwisho kana kwamba anatabasamu, na mimi niliyemwona akivikwa sanda kwa macho yangu, niliyeona udongo ukimfunika, nilisahau yote kwa muda na nikataka kukimbia nikalipasue pazia.

Amma alinitangulia. "Tauqeer! Mwanangu!"

Nilimkumbatia kiunoni, nikamvuta, mzee yule aliyekonda akawa na nguvu kama fahali.

"Mniache! Mwanangu amerudi! Sabahat, mjibu mumeo!"

"Saba," ilisema sauti, "kule ni giza na nimekaa peke yangu. Umekubali?"

Sabahat alisimama na mtandio wake wa kijani. Machozi yalimchuruzika mpaka kidevuni.

"Sikubali."

"Saba, mimi niliyeacha kazi yangu kwa ajili yako. Umekubali?"

"Mwambie ndiyo!" Amma alilia. "Mwambie ndiyo, ewe mwanamke usiye na huruma! Wageni umewaandikia ndiyo maisha yako yote, mwanangu unamnyima?"

"Sikubali," alisema wifi yangu, na sauti yake ikavunjika.

Pazia lilitulia, na tulisikia kuhema, kule kuhema kwa kaka yangu kwa siku zake tatu za mwisho, kule ambako sote watatu tulikesha tukikuhesabu.

"Saba. Nishike mkono. Umekubali?"

Nilisoma Kul-huwallahu mpaka ulimi ukakauka, naye Sabahat akainua mkono wake, akaunyoosha kuelekea yale maua, na karibu yake maua yaliinuka kumpokea. Kisha akaurudisha kifuani.

"Tauqeer amekufa," alisema. "Nilimlilia, nikamzika. Wewe sikukubali."

Pazia likaanguka lote kwa pamoja. Maua yalikuwa meusi kama yamekaa kisimani mwaka mzima. Na kutoka uani, kwa sauti ile ya mtungini, isiyo ya mtu yeyote, tukasikia, "Mwanamke hujibu kwa hasira. Nitamposa kwa mwenyewe, aliyemwoa kwanza."

Shahmir alipata sauti yake jioni ile ile. Amma hakusema na Sabahat mpaka mvua zilipokwisha, halafu siku moja akampelekea chai chumbani, akasimama mlangoni, na wakakumbatiana. Sabahat anaandika tena. Ameandika tamthilia ambayo bi harusi anaulizwa mara tatu na mara tatu anakataa. Stesheni tatu zimeirudisha. Zinasema watazamaji hawataitaka. Anaendelea kuzunguka nayo.

Hakuna kilichokuja tena nyumbani. Lakini mimi huenda makaburini Miani kila Jumatano asubuhi, na tangu Julai ile nakuta kitu kwenye kaburi la kaka yangu. Kwenye jiwe la kichwani pametundikwa shada la asmini na waridi, la kufunika uso, kama wanalovaa mabwana harusi. Maua ni mabichi na maji yanadondoka. Na ubavuni mwa kaburi udongo umelowa na kubonyea, kama mtu aliyekaa hapo kutwa, amekunja miguu, anasubiri jibu. Shada nalichoma. Sijamwambia Sabahat, wala Amma.

Ee Mola, mrehemu mja wako Tauqeer, mwana wa mama yangu. Mpanulie kaburi lake, mtilie nuru, msamehe aliyoyajua na asiyoyajua. Walipomjia malaika wako wawili kumuuliza, naamini ulimthibitisha akajibu vyema. Na akijia mwingine baada yao, akaketi ubavuni mwake na kumuuliza jambo, akimwita kwa jina, akimbembeleza, basi nakuomba, ee Mwenye kurehemu, umfunge kaka yangu ulimi, asimjibu. Amina.